Mji wa wakuyakuya: maneno kabla ya matembezi ya Jumamosi

Haya ni maneno ya mwezeshaji wetu wa Lubumbashi mbele ya familia zilizohama makwao na viongozi wa mitaa inayozipokea. Tumeyafupisha kidogo.

Nawashukuru kwa kuja, hasa baada ya mkutano uliopita ambao haukumalizika vizuri. Wengi wenu mlikuwepo. Tuliwagawia karatasi yenye njia ya matembezi, na tulipofika kwenye jina la stesheni, baba mzee mmoja wa Kasai alisimama akasema, "Hapo mimi sipiti." Mama mmoja mwenyeji akamjibu kwamba mambo ya zamani yameisha, tusichokoze moto uliozimika. Sauti zikapanda. Tulifunga mkutano bila sala, jambo ambalo halijawahi kutokea kwetu.

Kwa hiyo leo sitawaomba mkubali chochote. Nitapita nanyi njia ile kwa maneno tu, mahali kwa mahali, ili kila mtu ajue tunapokwenda kabla ya kuvaa viatu.

Kwanza nijibu swali nililoulizwa na zaidi ya mtu mmoja, na walikuwa na haki ya kuliuliza. Shirika la amani lina kazi gani na majumba ya Wabelgiji? Watu wanatafuta kodi ya nyumba na unga wa bukari, ninyi mnataka kuwatembeza kama watalii. Ni kweli, matembezi hayalipi kodi. Lakini katika vikao vyetu vya kusikilizana, maneno ya ugomvi ni yale yale kila mara. Watu wakigombana kwenye bomba la maji, au mtoto akikataliwa mchezoni, mwisho mmoja husema, "Rudini kwenu, wakuyakuya." Na yule aliyehama anajibu moyoni kwamba mji huu si wake, basi hana sababu ya kuutunza. Wote wawili wanazungumza juu ya mji, na wote wawili hawaujui ulivyoanza.

Tutaanzia kwenye kanisa kuu la Watakatifu Petro na Paulo, lile la matofali. Lilijengwa karibu na mwaka 1920, mji ukiwa na umri wa miaka kumi tu. Ndiyo, mji wetu ni mdogo kwa umri. Élisabethville ilianzishwa mwaka 1910, ikapewa jina la malkia wa Ubelgiji, na jina la Lubumbashi likaja mwaka 1966. Mwaka huo huo wa 1910 reli iliyotoka kusini, kupitia Rhodesia, ilifika hapa. Mwaka 1911 tanuru la kuyeyusha shaba la Union Minière likaanza kazi kando ya mto Lubumbashi. Mpango ulikuwa huo: mgodi, reli, tanuru, halafu watu.

Hapa nisieleweke vibaya. Sisemi kwamba ardhi hii haikuwa na wenyewe. Walamba walikuwepo, Wasanga walikuwepo upande wao, na shaba ilichimbwa na kuyeyushwa na mababu karne nyingi kabla ya Mzungu. Kwenye Makumbusho ya Lubumbashi mtaona misalaba midogo ya shaba iliyotumiwa kama fedha, na vitu vilivyotolewa katika makaburi ya Sanga, kando ya ziwa Kisale, ambako watu walizikwa na vyungu na mapambo yao zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Machifu wanaotusikiliza leo wanastahili heshima hiyo. Nasema tu kwamba mji, yaani barabara, nyumba, kambi na soko, uliletewa watu kutoka mbali. Wa kwanza kuandikwa kazi kwa wingi walitoka Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia. Wakafuata watu wa Lomami na Kasai, na katika miaka ya 1920 wakaletwa wengine kutoka Ruanda-Urundi. Kuanzia mwaka 1928 kampuni ilibadili mpango wake: mfanyakazi apewe mkataba wa miaka mitatu, aje na mke, watoto wazaliwe kambini. Ndiyo sababu babu za wengi hapa, wenyeji na wasio wenyeji, walizaliwa katika nyumba za kampuni.

Na lugha ninayoitumia sasa hivi? Kiswahili hakikuwa lugha ya mama ya Walamba, wala ya Waluba, wala ya Wabemba. Kilitangulia na misafara ya biashara, wakati wa Msiri wa Bunkeya, ambaye naye asili yake ni Unyamwezi, na baadaye kampuni ikakifanya lugha ya kazi. Lugha yetu yenyewe ni mkuyakuya. Nimewahi kulisema hili kwenye kikao kimoja, watu wakacheka, na baada ya kicheko kile mazungumzo yakawa mepesi kidogo.

Kutoka kanisani tutapita mbele ya sinagogi. Vijana wengi huipita kila siku wasijue ni nyumba ya nini. Ilijengwa karibu na mwaka 1930 na jamii ya Wayahudi, na wengi wao walitoka kisiwa cha Rhodes, katika bahari ya Mediterania. Walikuja kutafuta maisha, wakauza vitambaa na chumvi. Mwaka 1944 ndugu zao waliobaki Rhodes karibu wote walikamatwa na kupelekwa Auschwitz, na wachache sana walirudi. Waliokuwa hapa walipona kwa sababu walikuwa wamehama. Leo waliobaki mjini ni wachache. Mama mmoja kutoka upande wa Pweto, tulipopita hapo mara ya kwanza, alishika ukuta na kuuliza, "Na hawa pia waliambiwa warudi kwao?" Sikuwa na jibu zuri.

Halafu tutavuka eneo ambalo macho hayaoni kitu. Mimi ndilo ninalolipenda kuliko yote, ingawa hakuna mnara wala kibao. Ni ukanda uliotenganisha mji wa Wazungu na mtaa wa Waafrika. Mwanzoni mtaa wa Waafrika ulikuwa karibu. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 wakuu waliona ni karibu mno, wakasingizia mbu na magonjwa, wakawahamisha watu kusini, wakaacha mita mia kadhaa za ardhi tupu katikati. Usiku Mwafrika hakuruhusiwa kuwa upande ule mwingine bila kibali. Mtaa mpya uliitwa Albert, jina la mfalme. Leo ni Kamalondo. Basi, ndugu zangu wa Kamalondo, nawaambia kwa upendo: komini yenu ilianzishwa na watu waliohamishwa kwa nguvu. Leo ukanda ule umejaa majengo na vibanda, na tunauvuka bila kuhisi kitu. Nitawaomba mwuvuke polepole.

Kamalondo kwenyewe hatutapita haraka. Ndipo ulipo uwanja wa TP Mazembe, uliofunguliwa mwaka 2011, na klabu yenyewe ilianza mwaka 1939 mikononi mwa wamonaki Wabenediktini. Vijana watataka kukaa hapo saa nzima. Tutawapa dakika ishirini.

Tutazungumza pia juu ya Desemba 1941. Wafanyakazi wa Union Minière waligoma wakitaka nyongeza ya mshahara, kwa sababu vita vya dunia vilikuwa vimepandisha bei na kazi. Walikusanyika kwenye uwanja wa mpira wa kambi. Askari wakapiga risasi. Walikufa makumi ya watu, akiwemo msemaji wao, Léonard Mpoyi. Waliolala pale walikuwa wa makabila mbalimbali, na hakuna aliyewauliza kama ni wenyeji au wageni kabla ya kufyatua.

Sasa nifike kwenye yale magumu.

Uwanja wa Posta, ambao leo una jina na sanamu ya Moïse Tshombe. Kwa baadhi yenu yeye ni baba wa Katanga. Kwa wengine jina lake ni jeraha. Tarehe 11 Julai 1960 alitangaza Katanga kuwa nchi, na mambo hayo yakaisha Januari 1963. Katikati ya miaka hiyo, tarehe 17 Januari 1961, Patrice Lumumba aliletwa hapa kwa ndege, akauawa usiku uleule nje ya mji, upande wa Shilatembo, ambako jeneza lenye jino lake lilipitishwa Juni 2022 kabla ya kuzikwa Kinshasa. Na mwaka 1961 makumi ya maelfu ya Waluba waliokimbia nyumba zao humu mjini waliishi katika kambi iliyolindwa na askari wa Umoja wa Mataifa, mpaka walipoanza kusafirishwa mwaka 1962. Kambi ya wakimbizi ndani ya Lubumbashi: wengi wenu mlidhani ninyi ndio wa kwanza.

Kwenye uwanja huohuo, tarehe 23 Machi 2013, kundi la Kata Katanga liliingia likitembea kwa miguu, wakiwemo watoto, likapandisha bendera ya Katanga. Siku ile walikufa watu wengi. Miongoni mwenu wapo waliokimbia Mitwaba na Pweto kwa sababu ya kundi hilo. Na wapo, tusifichane, ambao watoto wao walichukuliwa au walilifuata. Pale uwanjani hatutatoa hukumu juu ya Tshombe. Tutasimama, tutasema tarehe, na anayetaka kunyamaza atanyamaza. Pia msipige picha. Mara ya kwanza askari mmoja alitusimamisha nusu saa kwa sababu ya simu ya kijana mmoja.

Na stesheni. "Kwa gare", kama tunavyosema. Reli ileile iliyowaleta watu wa Kasai kufanya kazi ndiyo iliyowaondoa. Kuanzia Agosti 1992 huko Likasi, halafu mwaka 1993 Kolwezi, watu walioitwa wa Kasai, hata waliozaliwa hapa na wasioijua Kasai, walifukuzwa kazini na nyumbani. Waliitwa bilulu, wadudu. Nalitaja neno hilo leo mara moja ili lijulikane lilifanya kazi gani: mtu akishaitwa mdudu, jirani hasikii tena akilia. Waliondoka mamia ya maelfu. Familia zililala kwenye stesheni za Likasi na Kolwezi wiki na miezi zikingoja treni ya kwenda Kamina na Mwene-Ditu, na wengi, hasa watoto, walikufa wakingoja au njiani. Lubumbashi haikufika kiasi hicho, na kuna wenyeji waliowaficha majirani zao. Hilo nalo lisemwe, kwa sauti ileile.

Mama aliyesema tusichokoze ana hoja. Nimeona vikao ambako kumbukumbu ilitumiwa kama kiberiti. Lakini siku hizi, familia zinaposhuka kutoka Kasai kutafuta maisha, nasikia vijana wa miaka kumi na minane wakilitumia tena neno lile, nao hawakuwa wamezaliwa wakati ule. Wamelipata wapi, ikiwa ya zamani yameisha? Limepita kimyakimya, nyumba hadi nyumba. Ndiyo sababu stesheni inabaki kwenye karatasi. Kama kamati ya viongozi ingeamua iondolewe, ningetii, ila nisingekubali kuwaongoza watu kwenye sinagogi na kuwalilia watu wa Rhodes, kisha nigeuze uso mbele ya reli.

Kuna jambo moja la mwisho la kuwatia moyo wanaodhani historia ni ya wenye digrii. Mwaka 1965 André Yav aliandika historia ya mji huu kwa Kiswahili chetu, kwa niaba ya watumishi wa zamani wa nyumba za Wazungu, wapishi na maboi. Katika miaka ya 1970 Tshibumba Kanda-Matulu aliichora historia ya nchi nzima, picha baada ya picha, akiwa mchoraji aliyeuza kazi zake kwa watu wa kawaida. Tangu mwaka 2000 mradi wa Mémoires de Lubumbashi, pamoja na Profesa Donatien Dibwe dia Mwembu, umekusanya masimulizi na vyombo vya nyumbani vya wakaaji. Kwa hiyo mkiwa na kitambulisho cha kazi cha babu, sufuria ya kambini, au tiketi ya treni, njooni nayo Jumamosi.

Utaratibu ni huu. Tunakutana mbele ya kanisa kuu saa mbili asubuhi, kabla jua halijawa kali. Wazee watapumzika kwenye makumbusho. Asiyetaka kupita stesheni atatungojea Kamalondo, mwenzetu mmoja atakaa naye, na hakuna atakayemwuliza sababu.

Yule baba mzee alinipigia simu jana jioni. Amesema atakuja, kwa sharti kwamba pale stesheni asizungumze mtu wa shirika, atazungumza yeye. Nimekubali. Mama aliyemjibu nimemwarifu pia, naye amesema atakuja na kiti cha kumkalisha.

Leteni maji ya kunywa, na msivae kandambili.