Hisia za Soko na Fedha za Wanachama



Mkulima wa Bariadi aliujua uvumi wa bei kabla simu haijafika kijijini. Msimu wa pamba ufunguliwapo, husemwa vituoni kwamba juma lijalo bei itapanda, na mwenye mzigo huurudisha ghalani. Mwaka 2022 bei dira ilikuwa shilingi 1,560 kwa kilo, na mazungumzo yote yalikuwa ya neema. Wakati huo huo soko la New York lilikuwa limekwisha kugeuka: pamba iliyopita dola 1.50 kwa ratili mwezi Mei ilikuwa chini ya senti 80 mwishoni mwa Oktoba. Msimu wa 2023 bei dira ikawa shilingi 1,060. Waliokopa kwa bei ya kwanza walilipa kwa bei ya pili.

Uvumi huo sasa umepata chombo kipya. Wapo wanaoshawishiwa kununua sarafu za mtandao, mathalani Bitcoin, kwa ahadi kwamba ipo programu iwezayo kutabiri bei ya kesho kwa kupima hisia za soko. Programu ya namna hiyo husoma maelfu ya maneno yaandikwayo na watu mitandaoni, huhesabu ya furaha na ya hofu, kisha hutoa alama. Kipimo kimoja mashuhuri huanzia 0, yaani hofu kuu, hadi 100, yaani tamaa kuu.

Yafaa ieleweke alama hiyo hutokana na nini. Katika kipimo hicho, robo yake ni kuyumba kwa bei yenyewe, na robo nyingine ni kasi ya soko na wingi wa mauzo. Basi karibu nusu ya kinachoitwa utabiri ni taarifa ya yaliyokwisha kutokea. Hata maneno ya watu aghalabu hufuata bei: ikipanda wanashangilia, ikishuka wanalia. Anayenunua kwa kuusikiliza mshangilio huwa amewakuta wenziwe wakitafuta wa kumwuzia.

Tarehe 9 Januari 2024 mhalifu aliingilia akaunti ya mamlaka inayosimamia masoko ya hisa Marekani, akatangaza kwamba mifuko ya Bitcoin imeruhusiwa kuuzwa katika masoko hayo. Bei ikakaribia dola 48,000. Muda mfupi baadaye tangazo likakanushwa, nayo ikashuka chini ya dola 46,000. Idhini ya kweli ilitolewa kesho yake! Programu haikukosea kuisoma furaha ile. Furaha ilikuwapo, ila habari ilikuwa ya uongo, na aliyenunua katika dakika zile alipata hasara kwa kuisadiki hesabu iliyo sahihi.

Hatari kwa chama huja katika siku zile chache ambapo fedha za pamba zimo mkononi mwake kabla ya kugawiwa. Hapo ndipo Katibu huambiwa kwamba siku mbili zatosha kuzizalisha, na kwamba hakuna atakayejua. Mwaka 2019 wakulima wengi walikaa muda mrefu wakingoja malipo ya pamba waliyokwisha kuikabidhi, na hiyo ilitokana na wanunuzi kukosa fedha tu. Mwezi Novemba mwaka huo huo Benki Kuu ilitangaza kwamba sarafu hizi si fedha halali nchini. Sheria ya Fedha ya 2024 iliweka kodi ya asilimia 3 katika uhamishaji wa mali za kidijitali. Kodi hiyo wengine huitaja kana kwamba ni dhamana, ilhali hairudishi hata senti ya aliyepoteza.

Mwenye kuileta programu hiyo mbele ya Kamati na apewe daftari. Aandike kila jioni, kwa siku 30, bei itakwenda upande gani kesho, pasipo kufuta. Kando yake mwanachama mwingine aandike kwa kurusha shilingi. Mwisho wa mwezi madaftari yote mawili yasomwe mkutanoni, ada ya kila kununua na kuuza ikiwa imekwisha kukatwa.