Buibui Mkubwa wa Shimoni

Leo nataka kuwaelezeni habari za buibui mkubwa mwenye manyoya, akaaye mashimoni katika nchi za Kenya na Tanzania. Wataalamu humwita Pterinochilus murinus.

Wanafunzi wangu waliniletea mmoja ndani ya kibuyu, wakiapa kwamba ana miguu kumi. Tukaihesabu: ni minane tu, ile miwili mifupi ya mbele si miguu, ni viungo vya kupapasia. Juu ya kifua chake pana mistari itokayo katikati kama miali ya jua, na macho yake manane, madogo mno, yamesongamana mahali pamoja. Wengine ni wa kijivu, wengine wana rangi ya chungwa bivu.

Jamaa zake wengi wa Amerika humrushia adui manyoya yawashayo. Huyu wetu hana silaha hiyo. Hutegemea meno yake mawili yaelekeayo chini. Akichokozwa huinua miguu ya mbele na kuyaonyesha. Hapo, kijana, ondoa mkono wako upesi! Sumu yake haijulikani kuwa imepata kuua mtu, lakini maumivu yake ni makali sana, na misuli huweza kukakamaa. Mlango wa shimo lake hutambulikana kwa utando mweupe, usitie kidole.