Leseni Haivuki Mpaka Peke Yake

(Hotuba iliyosomwa mbele ya wauguzi na wakunga wa tawi, Msambweni)



Halmashauri ya tawi imetutaka tuseme leo juu ya jambo moja tu, nalo ni leseni ya muuguzi anayehama kwenda kufanya kazi nchi nyingine. Hatukuja kumwambia mtu aende, wala hatukuja kumwambia akae. Kutafuta kazi palipo na ujira mzuri ni haki ya kila mfanya kazi. Tulilokuja kusema ni kwamba anayekwenda na aende na karatasi zilizo sawa, asije akawa muuguzi huku na mfagiaji kule.

Yafaa kwanza tujue leseni ni kitu gani. Zamani mtu yeyote aliweza kujiita muuguzi. New Zealand ndiyo nchi ya kwanza iliyotunga sheria ya kuandikisha wauguzi, mwaka 1901. Marekani jimbo la North Carolina lilifuata 1903, na Uingereza 1919. Kila serikali ilifungua daftari lake yenyewe, na ndiyo sababu hata leo madaftari ni mengi. La kwetu liko mikononi mwa Baraza la Wauguzi la Kenya, lililowekwa kwa sheria ya 1983.

Basi leseni yetu ni ruhusa ya Baraza hilo, ndani ya Kenya. Ukitoka Msambweni ukaenda Garissa au Kisumu, leseni ni ile ile. Kinachobadilika ni mwajiri, kwa kuwa tangu 2013 hospitali nyingi za serikali ziko chini ya kaunti. Lakini ukivuka Lungalunga ukaingia Horohoro, leseni hiyo haikupi ruhusa ya kumchoma mgonjwa hata sindano moja.

Watu husema "kuhamisha leseni". Neno hili lapoteza wengi. Leseni haihamishwi kama godoro. Unaomba leseni mpya, na ile ya zamani inakuwa shahidi wako.

Tuanze na jirani. Kwa mtu wa Msambweni, Tanga ni karibu sana kuliko Nairobi. Itifaki ya Soko la Pamoja la Afrika Mashariki, iliyoanza kazi Julai 1, 2010, yataka nchi zetu zitambuane vyeti. Hata hivyo haikuigeuza leseni ya Kenya kuwa ya Tanzania. Mkenya anayetaka kuuguza Tanga hana budi kuandikishwa na Baraza la Uuguzi na Ukunga Tanzania, kisha apate kibali cha kazi na kibali cha ukaazi. Na akitaka kuendelea mpaka Unguja au Pemba, ajue kwamba Zanzibar ina baraza lake jingine. Jamhuri ni moja, madaftari ni mawili.

Uingereza ni kinyume chake. Daftari ni moja, nalo laitwa NMC, kwa England, Scotland, Wales na Ireland ya Kaskazini. Ukiandikwa humo, kutoka London kwenda Glasgow hakuhitaji leseni nyingine. Lakini kuingia kuna milango. Uonyeshe kwamba wajua Kiingereza, kwa mtihani wa IELTS au OET au kwa ushahidi mwingine wanaoukubali. Ufanye mtihani wa kompyuta, ambao waweza kuufanya kabla ya kusafiri. Kisha ufanye mtihani wa vitendo uitwao OSCE, na huo hufanywa Uingereza kwenyewe. Julai 2021 serikali yetu na ya Uingereza zilitia sahihi mapatano juu ya wauguzi wa Kenya kwenda kazi huko. Mapatano hayo hayakumwondolea mtu mitihani hii.

Marekani ndiko kwenye kazi kubwa. Mtihani wa NCLEX ni mmoja kwa nchi nzima, nao tangu 2023 una maswali 85 mpaka 150. Leseni lakini hutolewa na jimbo, na kila jimbo lina baraza na masharti yake. Muuguzi aliyekwisha kupata leseni katika jimbo moja, akihamia jingine, hafanyi NCLEX tena. Anaomba jimbo jipya, na lile la kwanza latoa uthibitisho wake. Yako pia mapatano ya majimbo zaidi ya 40, ambayo mwenye leseni ya mapatano aweza kufanya kazi katika yote. Texas imo. Hadi 2025 New York na California hazikuwamo. Na aliyehamisha makazi yake kutoka jimbo moja la mapatano kwenda jingine, tangu Januari 2024 anatakiwa aombe leseni ya jimbo jipya katika siku 60. Kwa hiyo kabla hujachagua jimbo, uliza masharti ya jimbo lenyewe, si ya jimbo la binamu yako.

Sasa twataja mambo manne ya kushika.

Kwanza, majina. Hapa Pwani hili ni tatizo kubwa. Cheti cha shule kimeandikwa Mwanamkuu Juma, kitambulisho Mwanamkuu Juma Hamisi, na pasipoti ina jina la mume. Nyumbani sote twajua ni mtu mmoja. Karani wa ng'ambo anaona watu watatu, naye ataliweka faili pembeni. Sahihisha majina sasa, au nenda kwa wakili upate hati ya kiapo, kabla hujalipa ada ya mtu yeyote.

Pili, uthibitisho. Mabaraza ya ng'ambo yataka Baraza la Kenya liwapelekee habari zako moja kwa moja. Barua uliyoibeba mfukoni haitoshi. Omba mapema, na weka stakabadhi zote.

Tatu, mawakala. Sheria ya Uingereza ya 1973 yamkataza wakala kumtoza mtu ada kwa kumtafutia kazi. Anayekudai fedha ya "nafasi" huko, muulize anafuata sheria gani. Pasipoti yako usimwachie, wala usitie sahihi mkataba kabla ya kusoma ni fedha gani utadaiwa ukiacha kazi mapema.

Nne, leseni ya nyumbani usiiache ikafa. Iliyokwisha muda haikushuhudii vizuri mbele ya baraza jipya, nayo itakuzuia siku utakaporudi. Wazee wetu walisema, mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani.

Ndugu, kila anayeondoka huacha zamu wodini, na zamu hiyo huwaangukia waliobaki. Kwa hiyo kudai waajiri waajiri watu wa kutosha hapa, na kumlinda mwenzetu anayekwenda asiibiwe, ni kazi moja ya chama. Aliye na barua asiyoielewa na ailete tawini, tuisome pamoja kabla ya kutia sahihi.

Umoja ni nguvu.