Ian Whyte na Mishahara ya Wanamuziki wa Uskoti



Tumezoea kumpima mtunzi wa muziki kwa nota alizoacha. Kwa kipimo hicho Ian Whyte anaonekana mdogo, maana kazi zake nyingi hazikuchapishwa, na hata kwao Uskoti wanaozifahamu ni wachache. Jioni hii namtetea kwa kipimo kingine: mshahara aliowapatia wanamuziki wengine.

Whyte alizaliwa mwaka 1901 Dunfermline, mji alikozaliwa pia Andrew Carnegie, tajiri wa chuma. Baadaye alikwenda London, katika Royal College of Music, akafundishwa na watunzi Charles Stanford na Ralph Vaughan Williams. Mwaka 1923 akaajiriwa na Lord Glentanar, karibu na Aboyne, Aberdeenshire, awe msimamizi wake wa muziki. Bwana huyo alitoka katika ukoo wa Coats, matajiri wa nyuzi za kushonea wa Paisley, na alipenda opera hata akawa anaiandaa nyumbani kwake. Kijana aliyesomeshwa na mabingwa wawili, riziki yake ilikuwa mikononi mwa tajiri mmoja.

Mwaka 1931 akawa mkuu wa muziki wa BBC Uskoti, na hapo ndipo pa kutulia kidogo. Glasgow ilikuwa na Scottish Orchestra tangu 1891, okestra yenye heshima, ila ilifanya kazi kwa msimu wa baridi tu. Msimu ukiisha, wapigaji walitawanyika kutafuta vibarua, wengine katika bendi za miji ya pwani walikokwenda watu kupumzika kiangazi. Mpigaji wa namna hiyo hana nafasi ya kujifunza kazi mpya na ngumu. Basi Mskoti aliyetunga simfoni, ampe nani aipige?

Redio haina msimu. Inahitaji muziki Julai kama inavyouhitaji Januari, na fedha zake zilitoka katika ada ya kila nyumba yenye chombo cha kupokelea matangazo. Whyte aliuona mlango huo akaingia. Mwishoni mwa 1935 ikaanza BBC Scottish Orchestra, okestra ya kwanza Uskoti kuwaajiri wanamuziki mwaka mzima. Kwangu mimi, hiyo ni kazi ya utunzi kama simfoni ilivyo.

Mwaka 1946, akiwa ameacha ofisi, alishika fimbo ya ukondakta wa okestra hiyo, akadumu nayo hadi alipofariki mwaka 1960. Wasaidizi wake wawili, Alexander Gibson na Colin Davis, walikuja kuwa makondakta wanaojulikana dunia nzima.

Kutunga hakuacha. Desemba 1951 kundi la Sadler's Wells lilionesha Covent Garden bale yake, Donald of the Burthens, ambayo miondoko yake ilipangwa na Léonide Massine. Ni hekaya ya Kiskoti ya mtu maskini anayefanya mapatano na Mauti ili awe mganga, na Mauti mwenyewe alichezwa na Beryl Grey. Humo Whyte aliingiza zumari ya Kiskoti, ile yenye mfuko wa hewa. Wenye kujua okestra wataelewa ujasiri huo. Zumari hiyo ina nota tisa tu, baadhi yake hazilingani na za piano, wala mpigaji hawezi kupunguza sauti: mfuko ukishajaa, inalia kwa nguvu ileile mpaka anyamaze. Mtunzi lazima aisogeze okestra nzima iifuate.

Wapo wanaosema meza ya ofisi ilimla mtunzi. Nakubali kwamba ilimla saa nyingi. Sikubali kwamba ilikuwa hasara. Mwaka 1980 BBC ilipotaka kuvunja tano kati ya okestra zake, hiyo ya Whyte ikiwa mojawapo, wanamuziki waligoma na sehemu ya kwanza ya Proms, matamasha yake ya kila kiangazi, mwaka huo haikufanyika. Okestra yake ikanusurika, na hadi leo iko Glasgow.

Ninachokidai sasa ni kidogo na kinawezekana: okestra hiyo izipige kazi zake zilizobaki katika mwandiko wa mkono, izirekodi, na kuzitangaza kwenye redio.