Jemadari na Ahadi Yake: Siku 47 za Suchinda



Usiku wa tarehe 20 Mei, 1992, wananchi wa Thailand waliokuwa mbele ya televisheni zao waliona jambo ambalo hawakupata kuliona hapo kabla. Mfalme Bhumibol alikuwa ameketi kitini. Chini yake, sakafuni, walikuwapo watu wawili kwa unyenyekevu kama desturi ya nchi ile inavyotaka: Waziri Mkuu, Jenerali Suchinda Kraprayoon, na mpinzani wake mkubwa, Chamlong Srimuang, aliyekuwa ametolewa kizuizini kwa ajili ya mkutano huo. Mfalme aliwauliza kuna faida gani mtu kujiita mshindi akiwa amesimama juu ya kifusi. Siku nne baadaye Jenerali alijiuzulu.

Picha ile ilizunguka dunia nzima, na mpaka leo ndiyo inayokumbukwa pindi mkasa huo unapotajwa. Lakini picha ina hila yake. Humfanya mtazamaji adhani kwamba palikuwa na ugomvi wa wanaume wawili, akaja mzee wa tatu akauamua. Haikuwa hivyo hata kidogo. Ugomvi ulihusu kifungu cha Katiba na ahadi iliyovunjwa, na umma ulikwisha kutoa uamuzi wake barabarani, kwa damu, kabla ya kamera za ikulu kuwashwa.

Tangu utawala wa kifalme usiokuwa na mipaka ulipoondolewa mwaka 1932, jeshi la Thailand limejihesabu kuwa ndilo mlezi wa dola. Serikali zimepinduliwa mara kwa mara, Katiba zimechanwa na kuandikwa upya, na majemadari wamepokezana uongozi kama watu wa ukoo mmoja wanaogawana shamba la urithi. Wakati mwingine umma ulikataa. Mwezi Oktoba 1973 wanafunzi na wananchi wa Bangkok waliuangusha utawala wa Thanom Kittikachorn, na wengi waliuawa. Miaka mitatu baadaye, Oktoba 1976, wanafunzi waliuawa kikatili katika Chuo Kikuu cha Thammasat na jeshi likarudi madarakani. Kwa hiyo kizazi cha 1992 hakikuwa kigeni katika mambo haya. Wengi waliokuwa wanafunzi katika miaka hiyo walikuwa sasa maofisa, walimu, waandishi na mameneja wa makampuni.

Suchinda alikuwa zao la Chuo cha Kijeshi cha Chulachomklao, Kundi la Tano. Katika nchi nyingine mwaka aliohitimu mtu ni jambo la kumbukumbu tu. Katika jeshi la Thailand ni chama kamili. Vijana waliolala bweni moja hubebana katika vyeo mpaka uzeeni. Suchinda alipokuwa Mkuu wa Jeshi la Nchi Kavu mwaka 1990, mwenzake wa kundi hilo hilo, Kaset Rojananil, alikuwa Mkuu wa Jeshi la Anga, na mwingine, Isarapong Noonpakdi, alikuwa shemeji yake pia. Mtu hahitaji kuwa mtaalamu wa siasa kuona kwamba nguvu za aina hiyo zikikusanyika katika ukoo na bweni moja, Waziri Mkuu wa kiraia hulala jicho moja wazi.

Waziri Mkuu huyo alikuwa Chatichai Choonhavan, aliyeingia kwa uchaguzi mwaka 1988. Ni vigumu kumlilia sana. Yeye mwenyewe alipata kuwa jenerali, na baba yake alikuwa miongoni mwa walioongoza mapinduzi ya mwaka 1947. Baraza lake la mawaziri lilisemwa vibaya kila pembe kwa ulaji, hata watu wakalifananisha na karamu ambayo kila mgeni hujipakulia mwenyewe. Tarehe 23 Februari, 1991, Chatichai alipanda ndege ya kijeshi mjini Bangkok ili aende Chiang Mai kumwona Mfalme. Ndege haikuruka. Askari waliokuwa ndani yake walimkamata, na siku hiyo hiyo majemadari wakatangaza kwamba wameshika madaraka kupitia baraza la kulinda amani ya taifa, chini ya Mkuu wa Majeshi, Jenerali Sunthorn Kongsompong. Sunthorn alikuwa mwenyekiti, lakini kila mtu alijua ni nani aliyeshika usukani.

Watu wa Bangkok hawakuandamana siku ile. Wengine walipumua kwa nafuu. Majemadari walisema wamekuja kufagia rushwa. Waliunda kamati ya kuchunguza mawaziri waliotajirika kuliko kawaida, na wakamweka Anand Panyarachun, mwanadiplomasia wa zamani aliyegeukia biashara, kuwa Waziri Mkuu wa mpito. Anand alifanya kazi yake kwa uadilifu kiasi cha kuwaudhi waliomteua. Kama majemadari wangeishia hapo, huenda historia ingewataja kwa maneno machache na ya adabu.

Hawakuishia hapo. Wakati Anand akiendesha serikali, Katiba mpya ilikuwa ikiandikwa, na ndani yake mlikuwa na mlango wa nyuma. Haikumlazimu Waziri Mkuu kuwa mbunge wa kuchaguliwa. Aidha, Baraza la Seneti lingekuwa na watu 270, wote wa kuteuliwa na majemadari wenyewe, mbele ya wabunge 360 waliochaguliwa na wananchi. Watumishi wa umma wanaofahamu maana ya kifungu kilichoachwa wazi kwa makusudi hawahitaji maelezo marefu. Mwezi Novemba 1991 maelfu ya watu walikusanyika katika uwanja wa Sanam Luang kuupinga mswada huo. Walichouliza kilikuwa rahisi: mlango huu umewekwa kwa ajili ya nani?

Hapo ndipo Suchinda alipotoa ahadi. Alitamka hadharani kwamba yeye hatakuwa Waziri Mkuu, wala mwenzake Kaset. Joto likapungua, na mwezi Desemba Katiba ikapitishwa.

Ahadi ni deni, na deni hili lilifika siku ya kudaiwa upesi mno. Uchaguzi ulifanyika tarehe 22 Machi, 1992. Vyama vitano vilivyoelekea upande wa jeshi vilipata viti 195 kati ya 360. Kikubwa kati yao kiliitwa Samakkhi Tham, chama kilichoundwa na watu wa karibu na wakuu wa jeshi, na kiongozi wake, Narong Wongwan, ndiye aliyependekezwa kwanza. Marekani ikatangaza kwamba ilikwisha kumnyima viza kwa kumshuku kuhusika na biashara ya dawa za kulevya. Narong alikana, lakini jina lake lilikuwa limekwisha kuchafuka. Vyama vile vitano vikageuka vikamtazama Jenerali, na tarehe 7 Aprili Suchinda akawa Waziri Mkuu bila ya kupigiwa kura na mwananchi hata mmoja.

Alieleza kwamba analazimika kupoteza uaminifu wa kauli yake kwa ajili ya taifa. Maelezo hayo yalimdhuru kuliko kosa lenyewe. Kigeugeu cha kawaida humezwa na kusahauliwa; lakini mtu anayevunja ahadi yake na kutaka uvunjaji huo uhesabiwe kuwa ni sadaka, huwafanya wasikilizaji wajione wanadharauliwa. Kisha orodha ya mawaziri ikatoka, na ndani yake yakaonekana majina ya baadhi ya wale wale ambao kamati ya majemadari ilikuwa imewataja kuwa wametajirika kuliko kawaida. Waliopinduliwa kwa rushwa walirudi wakiwa wageni wa heshima wa waliowapindua. Isarapong, yule shemeji, akapewa Jeshi la Nchi Kavu.

Upinzani ulianza na mtu mmoja. Chalard Vorachat, aliyepata kuwa mbunge, aliketi mbele ya jengo la Bunge akaanza kufunga kula. Mwezi Mei akajiunga Chamlong Srimuang, meja jenerali mstaafu, aliyekuwa Gavana wa Bangkok, mtu wa kula mlo mmoja kwa siku bila ya nyama. Chama chake kilikuwa kimeshinda viti 32 kati ya 35 vya jiji hilo. Kuna waliomshutumu Chamlong kwamba alipenda mno kuwa shahidi na kwamba aliwaongoza watu kwenye hatari iliyoonekana wazi. Shutuma hiyo haiwezi kupuuzwa yote. Lakini umati hauwezi kuvutwa barabarani usiku na usiku na mtu mmoja mwenye njaa, kama hauna njaa yake wenyewe.

Na umati huo uliwashangaza wengi. Hawakuwa wanafunzi peke yao kama mwaka 1973. Walikuja watu wa maofisini wakiwa bado na tai shingoni, wauguzi, walimu, wenye maduka, wengine wakiwa na simu za mkononi ambazo wakati ule zilikuwa ghali na nzito kama tofali, hata magazeti yakaupa umati jina la simu hizo. Pamoja nao walikuwapo wachuuzi, vibarua na vijana wa pikipiki, ambao hawakusifiwa sana baadaye. Matakwa yao yalitoshea katika sentensi moja: Suchinda aondoke, na Waziri Mkuu awe mbunge aliyechaguliwa.

Tarehe 17 Mei watu wapatao 200,000 walijaa Sanam Luang, na usiku wakaanza kuandamana kwenda kwenye jengo la serikali. Walizuiwa kwenye daraja la Phan Fa kwa seng'enge na maji ya magari ya zimamoto. Mawe yakarushwa, magari na kituo cha polisi vikachomwa moto. Baada ya saa sita za usiku hali ya hatari ikatangazwa, na kabla ya mapambazuko askari wakaanza kufyatua risasi za moto katika barabara ya Ratchadamnoen. Alasiri ya tarehe 18 Chamlong alikamatwa. Ilidhaniwa kwamba kichwa kikikatwa mwili utalala. Usiku ule watu walirudi, na risasi zikarudi. Alfajiri ya tarehe 19 askari waliivamia Hoteli ya Royal, ambayo ukumbi wake ulikuwa umegeuzwa kuwa hospitali ya majeruhi, wakawalaza watu kifudifudi sakafuni. Waliobaki wakahamia Chuo Kikuu cha Ramkhamhaeng na kuanza upya.

Vituo vya televisheni vilikuwa mikononi mwa serikali na jeshi, navyo vilionyesha kidogo sana. Lakini baadhi ya magazeti yalikataa kunyamaza, na kanda za video za taarifa za mashirika ya nje zilinakiliwa na kuuzwa mitaani. Mtumishi wa serikali aliyesikia habari ya redio jioni na kuona kanda kwa jirani usiku, alikwenda kazini kesho yake akijua ni ipi kati ya hizo mbili aliyoiona kwa macho yake.

Hesabu ya serikali iliishia kwenye watu 52 waliokufa. Mamia walijeruhiwa, zaidi ya 3,000 walitiwa mbaroni, na makumi hawakuonekana tena, wala miili yao. Ndipo ukafika ule usiku wa televisheni. Suchinda alijiuzulu tarehe 24 Mei, baada ya siku 47. Siku moja kabla yake ilitolewa amri ya msamaha kwa wote waliohusika: aliyerusha jiwe na aliyeamuru risasi wakawekwa kapu moja. Bunge lililochaguliwa baadaye liliikataa amri hiyo, lakini athari yake ilibaki. Jenerali hakufikishwa mahakamani.

Vyama vyake vilidhani bado mchezo ni ule ule. Vilimpendekeza Somboon Rahong, mstaafu wa Jeshi la Anga, naye akavaa sare nyeupe ya sherehe akangoja nyumbani na wageni wake. Spika wa Bunge, Arthit Urairat, alipeleka kwa Mfalme jina la Anand badala yake. Sare ikavuliwa. Anand aliwahamisha Kaset na Isarapong kutoka katika amri ya majeshi, Katiba ikarekebishwa ili Waziri Mkuu awe mbunge, na uchaguzi wa Septemba 1992 ukamleta Chuan Leekpai, mwanasheria, mtoto wa mwalimu na mama muuza sokoni.

Mlango ulifungwa, na Katiba ya mwaka 1997 ikaukaza. Jeshi lilipindua tena mwaka 2006, na tena mwaka 2014. Katiba ya mwaka 2017, iliyoandikwa chini ya Jenerali Prayut Chan-o-cha, ilimruhusu tena mtu asiye mbunge kuwa Waziri Mkuu, ikaleta maseneta 250 wa kuteuliwa, na safari hii ikawapa kura ya kumchagua. Mwezi Juni 2019 Prayut alipata kura 500, na 249 kati ya hizo zilikuwa za maseneta hao. Mwaka 2023 maseneta hao hao walimzuia Pita Limjaroenrat, ambaye chama chake kilikuwa kimeongoza katika uchaguzi. Muda wao ulikwisha Mei 2024, na waliowafuata hawakurithi kura hiyo. Kifungu kinachomruhusu Waziri Mkuu kutoka nje ya Bunge kilikuwa bado kimo siku walipoondoka.