Haki ya Kujibiwa: Mahakama za India na Mkopaji Anayeomba Kusuluhisha Deni



Tarehe 15 Desemba 2021 Mahakama ya Juu ya India ilitengua amri ya Mahakama Kuu ya Allahabad dhidi ya benki ya ushirika ya mji wa Bijnor. Mkopo wa rupia milioni 10 uliotolewa mwaka 2013 ulikuwa umegeuka mkopo chechefu. Mkopaji akaomba alipe pungufu kwa mkupuo, yaishe. Benki ikakataa, kwa kuwa iliona dhamana iliyoishikilia ingetosha kulipa deni lote. Majaji walisema msamaha wa namna hiyo si haki ya mkopaji, wala mahakama haiwezi kuilazimisha benki kuutoa. Walihofia mtu mwenye uwezo atakayekopa rupia bilioni 1, akaacha kulipa kwa makusudi, akingojea mpango wa msamaha utangazwe.

Hukumu hiyo naiunga mkono. Ninachokataa ni kuisoma kana kwamba imezika pia amri iliyo ndogo kuliko hiyo, yaani kuitaka benki ilipime pendekezo la mkopaji na kulijibu.

Tuanzie kwenye mamlaka ya mahakama yenyewe. Mwaka 1969 India ilitaifisha benki 14, na mwaka 1980 nyingine 6. Benki ya umma huhesabiwa kuwa chombo cha dola, na Ibara ya 226 ya Katiba inaipa Mahakama Kuu uwezo wa kukishurutisha chombo cha dola kitimize wajibu wake. Benki ya binafsi kwa kawaida haifikiwi na uwezo huo. Mwaka 2009 Mahakama ya Juu ikaamua kwamba miongozo ya Benki Kuu kuhusu usuluhishi wa madeni inazibana benki za umma. Kwa hiyo jaji anayesema "pimeni ombi hili kwa mujibu wa mwongozo" hajaingilia biashara ya benki. Anaikumbusha kanuni inayoibana tayari.

Wala wajibu wa kujibu si mgeni katika sheria za India. Chini ya sheria ya mwaka 2002, maarufu kama SARFAESI, benki humpa mdaiwa notisi ya siku 60, kisha inaweza kutwaa dhamana bila kupitia mahakamani. Lakini mdaiwa akipinga notisi hiyo kwa maandishi, benki lazima izipime hoja zake na, ikizikataa, imweleze sababu ndani ya siku 15. Iwapo pingamizi linastahili jibu, barua ya mtu anayetaka kulipa itanyimwaje?

Na hapa kimya kinaumiza kweli. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu iliamua kwamba haki ya mdaiwa kukomboa mali yake hukoma tangazo la mnada likishachapishwa. Barua ikilala mezani kwa afisa mikopo wiki sita, tangazo likatoka, mkopaji amepoteza nyumba kabla hajaambiwa ndiyo wala hapana.

Amri yenye manufaa, basi, hutaja tarehe ya jibu, hudai sababu kwa maandishi, na husimamisha mnada kwa muda huo tu. Mkopaji naye aje na fedha, si maneno matupu: ataje kiasi, chanzo chake na siku ya kulipa. Zaidi ya hapo amri isiende: hukumu ya Mahakama ya Juu ya Novemba 2022 ilisema mahakama haiwezi hata kuongeza muda wa malipo uliokwisha kukubaliwa, kwa sababu huko ni kuandika upya mkataba wa watu wawili.

Kwetu Kenya na Tanzania njia ya Ibara ya 226 haihamishiki kirahisi, maana benki zetu nyingi ni za binafsi. Mkopaji wetu huja mahakamani akiomba zuio la mnada. Sheria ya Ardhi ya Kenya ya mwaka 2012 inadai notisi ya siku 40 kabla ya kuuza; siku hizo zinatosha kabisa kwa benki kusoma barua moja. Naomba mawakili mliopo hapa, mnapoandika maombi ya zuio, muongeze ombi hili: benki ijibu pendekezo la mteja kwa maandishi, pamoja na sababu, kabla dalali hajapiga nyundo.