Herufi Zilezile, Lugha Nyingine: Faili la Kusomea Kiswahili Kilichochapishwa



Kila kinapoitishwa kikao cha kuhifadhi magazeti ya zamani kwenye kompyuta, huzuka hoja moja. Kiswahili, wanasema, kinaandikwa kwa herufi za Kilatini na hakina alama juu wala chini ya herufi. Basi programu inayosoma Kiingereza imekwisha kujua kusoma Kiswahili. Skani kurasa, weka faili la Kiingereza, maliza kazi. Hoja hii inapendwa kwa sababu inaokoa fedha. Mimi naona inatuharibia kumbukumbu, na sehemu kubwa ya mhadhara huu nitaitumia kuibomoa.

Namna picha inavyosafishwa na kugeuzwa nyeusi na nyeupe sitaieleza. Wenzangu wa kompyuta wanaijua. Ninazungumzia Tesseract, maktaba ya programu ya kusoma maandishi yaliyo kwenye picha, iliyotengenezwa na Hewlett-Packard kati ya 1985 na 1994, ikatolewa bure pamoja na msimbo wake mwaka 2005, kisha ikaendelezwa kwa ufadhili wa Google. Maktaba hiyo yenyewe haijui lugha hata moja. Ujuzi wa lugha umo katika faili la pembeni, na kila lugha ina lake: jina la faili la Kiingereza huanza na eng, la Kiswahili na swa. Ndani yake mna orodha ya herufi zinazotarajiwa, mna yale ambayo programu imejifunza kuhusu maumbo yake, na mna orodha za maneno, za alama za uandishi na za mpangilio wa tarakimu.

Aliyetueleza vizuri undani wa mtambo huu ni Ray Smith, katika makala yake ya mwaka 2007. Ni makala fupi, na kila mwanafunzi wangu huisoma. Humo Smith anaonyesha jinsi programu inavyofuata mstari uliopinda, kama inavyotokea karibu na mshono wa gazeti lililojalidiwa. Anaonyesha jinsi inavyokata herufi zilizogandana na kuunga zilizovunjika, na jinsi inavyoupitia ukurasa mara mbili: maneno iliyoyasoma vizuri mara ya kwanza huifundisha kuyasoma yaliyoishinda. Anataja pia sampuli za kufundishia: 20 kwa kila herufi, herufi na alama 94, aina 8 za chapa, kila moja kwa mitindo minne. Jumla ni 60,160, idadi ndogo mno kwa kazi kubwa kiasi hicho.

Lakini kinachotuhusu zaidi ni hatua ya mwisho. Umbo likiwa na utata, programu hupanga wagombea kwa mafungu: neno la kawaida sana, neno lililomo kwenye kamusi, namba, na kadhalika. Kila fungu lina kizidishio chake, na mwenye alama ndogo kuliko wote ndiye anayechukua nafasi. Kwa hiyo faili likiwa la Kiingereza, neno la Kiswahili halina wa kulitetea.

Nitaambiwa kwamba huo ni mtambo wa kale. Ni kweli. Toleo la 4, la mwaka 2018, lilileta mtandao wa neva unaosoma mstari mzima, na kamusi ikapungua nguvu. Nakubali pia kwamba ukurasa uliochapwa vizuri, ukisomwa kwa faili la Kiingereza, utatoka na herufi nyingi sahihi. Ila mtandao huo nao umefunzwa kwa mistari ya lugha fulani, na mazoea ya lugha hiyo umeyabeba.

Niliketi na mwanafunzi wangu mmoja mbele ya ukurasa wa gazeti la zamani uliosomwa kwa njia hiyo ya mkato, yaani kwa faili la Kiingereza. "Hii" ilikuwa imegeuka "hil". "Kiingereza" ilikuwa "Klingereza". Ng'ombe alikuwa amepoteza kibainishi chake mahali pengi, na pengine amepewa nyota badala yake. Mwanafunzi akaandika "ng'ombe" kwenye sehemu ya kutafutia, na kompyuta ikamjibu kwamba gazeti hilo, lililojaa habari za minada na josho, halina ng'ombe hata mmoja. Mtafiti asiye na ukurasa wenyewe mkononi angeliamini jibu hilo. Kibainishi kimo katika zile alama 94, sikatai. Lakini msomaji aliyelelewa na Kiingereza hakitarajii katikati ya "ng" na "o".

Basi tutumie faili la Kiswahili? Ndiyo, lakini hata hilo halitoshi. Maandishi yaliyolifunza yalikusanywa mtandaoni, yaani ni Kiswahili cha siku zetu. Gazeti la Mambo Leo lilianza mwaka 1923, miaka saba kabla ya Kamati ya Lugha kuundwa mwaka 1930 kusimamia usanifishaji wa Kiswahili. Chapa za wakati ule zinahitaji faili lake.

Hapa nina imani yangu ya miaka mingi. Orodha ya maneno katika mafaili haya hufungwa kwa muundo ambao maneno yenye mwanzo mmoja hushirikiana mwanzo, na yenye mwisho mmoja hushirikiana mwisho. Angalieni asipomwandikia, wasipomwandikia, tusipowaandikia. Maumbo kama haya hayawezi kukusanywa yote kutoka kwenye matini, lakini sarufi inaweza kuyazalisha, na muundo huo ukayabeba bila kulemewa. Wapo wanaonionya kwamba orodha pana mno hupitisha makosa: "alimpika" itapita palipochapwa "alimpiga". Onyo hilo ni la haki, na ndiyo sababu orodha isipewe neno la mwisho. Hata hivyo, nashikilia kwamba kitenzi cha Kiswahili kiingie humo kwa kanuni zake, na kazi hiyo ni ya idara za Kiswahili.

Pa kuanzia papo. Mafaili ya lugha hutolewa kwa namna zaidi ya moja. Yale yaliyoitwa "best" ndiyo yanayokubali kufundishwa zaidi. Kinachotakiwa ni picha ya mstari mmoja mmoja na faili la maandishi lenye jina lilelile, lililopigwa chapa na mtu anayeusoma mstari huo kwa macho yake. Mtu huyo aandike kilichochapwa, tahajia ya kale ibaki ya kale, na pale mpangaji chapa alipokosea, kosa lake liandikwe vilevile.